Msanii Mmoja wa Jericho, Jina Tunalo

Shiru, mhariri wa dawati la burudani, alinipigia simu wiki moja baada ya nyinyi wenzangu wa gazetini kunikatia keki ya kuniaga nikistaafu. "Mathee," akasema, kama mnavyomwita kila mama mzee, "tuandikie kurasa mbili tatu. Vile udaku ulikuwa unafanywa kitambo, kabla ya hizi simu. Vijana wapya wasome, wacheke kidogo." Kurasa zimezidi tatu, na kuhusu kucheka sijui. Nimekula mshahara wa habari za watu wengine zaidi ya miaka thelathini. Nikiandika zangu nitajaribu kutozipaka sukari, kwa sababu za wenzangu sikuzipaka.

Nilianza kazi nikiwa mpiga taipu wa miaka ishirini na mbili. Nilikuwa nimezaliwa Majengo, hapa Nairobi, katika nyumba ya vyumba sita yenye mlango mmoja wa mbele, ambamo mama alikaanga mahamri ya kuuza na bibi wa chumba cha pili alijua nani ameamka, nani hajarudi na nani amepika nyama. Siku ya kwanza niliwekwa chumba kimoja na Mzee Gitau, aliyesimamia ukurasa wa filamu. Alikuwa mwembamba, na tai yake ilikuwa ile ile ya kijani kila siku. Kabla ya gazeti alikuwa mtu wa tochi katika jumba moja la sinema mjini, yule anayekuongoza gizani hadi kwenye kiti chako. Alisema kazi hiyo ilimfundisha nani huja sinema na nani, na nani hutoka kabla taa hazijawashwa.

Kwenye meza yake kulikuwa na rundo la majarida ya filamu za Marekani na za Bombay, mengine bila jalada. Alinitupia moja. "Tafsiri ukurasa huo," akasema. "Lakini usitafsiri kila neno. Tafsiri panapouma."

Nilikaa na kile kipande asubuhi nzima. Kilihusu mwigizaji wa Bombay aliyekuwa amegombana na mama mkwe wake. Nilipomaliza, Gitau alikisoma, akachukua penseli, akafuta jina la mwigizaji. Mahali pake aliandika: "Mrembo mmoja wa Bombay, jina tunalo."

"Lakini jina lipo hapo kwenye jarida," nikamwambia.

"Jina ni mzigo, Zubeda. Mwenye jina ana wakili. Mwache msomaji alitaje mwenyewe nyumbani kwake, na akishalitaja, atadhani ameligundua yeye."

Hilo ndilo somo langu la kwanza la kazi, na nililijua kabla ya kujua choo kiko wapi.

Gitau alipenda sana kunisimulia habari za wanawake wa Marekani walioandika udaku enzi za filamu za rangi nyeusi na nyeupe. Alisema kampuni za sinema ziliwatumia maua na zawadi, si kwa mapenzi bali kwa hofu. Wakikupenda, ulikuwa nyota. Wakikuchukia, simu yako iliacha kulia. Nyota wenyewe waliwapigia kuwaambia wamepata mimba au wamegombana na waume zao, ili angalau habari itoke kwa namna waliyoichagua wao. "Fikiria," Gitau alikuwa akisema, akigonga meza kwa kidole. "Mtu mwenye taipu moja tu. Na kampuni nzima ya sinema inatetemeka." Nilimsikiliza kama mtoto anayesimuliwa habari za malkia. Sikuwahi kumuuliza habari za wale ambao simu zao ziliacha kulia. Na yeye hakuwahi kunisimulia.

Kwa vifaa, tulikuwa na vichache. Daftari dogo la waya linaloingia mfukoni. Penseli, si kalamu, kwa sababu wino huvuja na penseli hufutika wakili akibisha hodi. Kibanda cha simu kilichokuwa nje ya posta. Zaidi ya hapo, kifaa chetu kilikuwa watu. Gitau alinifundisha kutomuuliza mwigizaji chochote cha maana. Nenda kwa msusi wake. Nenda kwa anayempakia rangi usoni. Zaidi ya wote, nenda kwa fundi wa nguo, kwa sababu mtu anaweza kuudanganya umma wote lakini akisimama mbele ya utepe wa kupimia anajulikana amenenepa, amekonda au ana mimba ya miezi minne. Fundi wangu alikuwa Salim, mwenye cherehani chini ya kibaraza kule Majengo, ambaye alishonea vikundi vya maigizo na watu wa televisheni. Alikuwa mtu mpole, aliyependa kuongea akiwa na pini mdomoni.

Baada ya miaka michache Gitau aliniachia safu. Tuliiita "Tundu la Ufunguo". Yeye alibaki mhariri wa ukurasa, lakini hakuwa akinigusa sentensi hata moja. Nilikuwa nimehamia mtaa wa Maringo wakati huo, na Ijumaa mchana nikishuka barabarani niliona watu wamesimama nje ya vibanda na gazeti limekunjwa ukurasa wa kumi na moja. Hawakujua mimi ni nani. Nilinunua nyanya polepole ili niwasikie.

Mtu asiwadanganye kwamba madaraka ya namna hiyo hayana utamu. Kulikuwa na mchekeshaji mmoja wa televisheni aliyeniita "yule msichana wa kupiga taipu" mbele ya watu. Wiki iliyofuata niliandika kwamba mchekeshaji mmoja wa mjini, jina tunalo, vichekesho vyake huandikwa na shemeji yake. Alikuja ofisini Jumatatu na kuku hai amefungwa miguu, akaomba tumwonee huruma. Kuku tulimla. Habari hatukuikanusha.

Kuna kitu Gitau hakukifikiria, au alikifikiria akanyamaza. Wale nyota wa Marekani walikuwa na kuta na walinzi, na waandishi walipowachapa walijifungia ndani wakangoja. Nyota wetu hawakuwa na kuta. Mtu ulimwona kwenye televisheni Jumapili, na Jumatatu amesimama na ndoo kwenye mfereji mmoja na wewe. Nilichokiandika kuhusu mtu wa mitaa yetu ya Kaloleni au Jericho kilimfikia kupitia jirani yake, mwenye nyumba wake na mwalimu wa mtoto wake, siku hiyo hiyo, kabla hajafika kazini. Tulichukua silaha iliyotengenezwa kwa ajili ya watu waliojengewa ngome, tukaielekeza kwa watu wanaoishi chumba kimoja na jiko.

Sasa nifike kwa Esta Njoki.

Esta alikuwa akiishi Jericho na mumewe, fundi wa magari, na binti yao mdogo, Wairimu, aliyekuwa na miaka minne. Alianzia kwenye maigizo ya ukumbi wa Kaloleni, akaingia televisheni, na alikuwa na pengo la meno ya mbele ambalo kamera ililipenda. Akicheka, ukumbi mzima ulicheka kabla ya kujua kwa nini. Alinijua mimi ni nani na ninaandika nini, na bado alinikaribisha chai. Mara nyingi nilikaa kwenye kochi lake, Wairimu akinichezea mkoba. Aliniambia mambo mengi ambayo sikuyaandika, na naomba hilo niandikiwe popote panapoandikwa mema.

Mwaka huo alikuwa ametia sahihi kuigiza katika filamu, si mchezo wa televisheni, filamu yenyewe ya kuonyeshwa kwenye majumba ya sinema. Alikuwa amepewa nafasi kubwa, ya mwanamke anayetoka jela na kurudi mtaani kwake. Mtayarishaji wa filamu alikuwa bwana mmoja aliyeitwa Sospeter, mtu wa suti na maneno laini.

Asubuhi moja Sospeter alikuja ofisini akiwa na soda mbili baridi. Moja akaniwekea mezani.

"Zubeda, nina wasiwasi na Esta," akasema.

"Wasiwasi gani?"

"Sijui. Anapungua. Unamwona? Kila wiki amepungua. Mimi si daktari, lakini..." Akatazama dirishani. "Usiseme nimekuambia mimi. Nampenda sana yule dada. Naomba tu Mungu isiwe ile kitu."

Hakusema ni kitu gani. Wakati ule hakuna aliyeutaja ule ugonjwa. Haukuwa na dawa, na watu walipoufikia katika mazungumzo walitazama chini. Akaenda zake, na soda yangu nikainywa.

Nilifanya kazi yangu kama nilivyofundishwa. Nilikwenda kwa Salim.

"Ni kweli nimepunguza gauni lake mara mbili mwezi huu, dadangu," akasema, pini mdomoni. "Lakini mtu kupungua si..."

"Mara mbili?"

"Mara mbili. Lakini sikiza, kupungua kwa mtu..."

Niliandika "mara mbili" kwenye daftari, nikalifunga. Hadi leo sijui Salim alitaka kumalizia vipi, kwa maana sikungoja.

Ijumaa safu yangu ilikuwa na mistari minne kuhusu Esta. Naikumbuka yote, kwa bahati mbaya. "Msanii mmoja wa Jericho, yule wa tabasamu lenye dirisha, jina tunalo. Nguo zake zimeanza kumwogelea na fundi amechoka kupunguza. Madaktari wanajua, majirani wanashuku, sisi tunanyamaza. Tumwombee dada yetu." Ile ya madaktari niliiongeza mwenyewe kwa sababu sentensi ilikuwa inataka kitu hapo katikati.

Esta alikuja ofisini Alhamisi iliyofuata, kama saa nne asubuhi. Hakubisha. Nilisimama nikamvutia kiti.

"Karibu, Esta, kaa."

"Sikai. Soma hii."

Ilikuwa karatasi ya hospitali. Lazima niwaeleze vijana: siku hizo mtu aliogopa hata kuonekana kwenye foleni ya kupimwa, maana kuonekana pale kulitosha. Esta alikuwa amepanga foleni hiyo mchana kweupe, na uso wake watu wote wanaujua. Nikasoma. Hakuwa na ule ugonjwa.

"Sasa andika hivyo," akasema.

"Na kupungua je?" nikamuuliza. Mungu anisamehe, hata wakati huo bado nilikuwa natafuta habari.

Aliichukua karatasi yake. "Sospeter ndiye aliyeniambia nipungue. Amesema mwanamke anatoka jela, hawezi kutoka na mashavu. Miezi miwili nakunywa uji mtupu kwa ajili ya filamu yake. Mpigie simu umuulize, nitangoja hapa."

Sikuhitaji kupiga simu. Mtu aliyekaa miaka katika biashara hii anaijua harufu. Baadaye nilithibitisha: mfadhili wa filamu alikuwa na mchumba aliyetaka kuigiza, na Esta alikuwa na mkataba. Kumfukuza kungeleta kesi. Lakini mgonjwa hujiondoa mwenyewe, au wenzake hukataa kukaa naye meza moja, na hakuna mtu wa kushtakiwa mbele ya hakimu. Sospeter alihitaji kalamu ya mtu mwingine, akanipata mimi kwa soda.

"Jana kwenye mazoezi," Esta akaendelea, "wamenipa kikombe cha bati. Peke yangu. Wengine wote vya kawaida. Jumatatu mwalimu wa Wairimu aliniuliza kama mtoto pia amepimwa. Andika, Zubeda."

Mzee Gitau alikuwa amesikia yote kutoka kwenye meza yake. Akavua miwani.

"Mama," akamwambia, kwa upole sana, "sisi hatukukutaja."

"Kila mtu anajua ni mimi."

"Wanajua, lakini si kwetu. Tukiandika kesho kwamba Esta Njoki si mgonjwa, hapo ndipo tutakuwa tumekutaja kwa mara ya kwanza. Hata ambaye hakujua atajua. Tunakukinga."

"Basi nitajeni. Nataka kutajwa."

"Nenda nyumbani upumzike, mama. Watu husahau."

Esta alimpa mgongo. Alinigeukia mimi. "Zubeda. Safu ni yako."

Nilitazama taipu yangu. Herufi ya K ilikuwa na mazoea ya kukwama, na nikaanza kuikwamua kwa kucha, kana kwamba ndiyo kazi iliyokuwepo. Niliikwamua hadi nikasikia viatu vyake vikishuka ngazi.

Nimewasikia wengine wenu mkisema kwamba zamani wahariri ndio waliokuwa wabaya. Mzee Gitau hakunikataza. Nimeshasema hakuwa akigusa safu yangu. Ningeandika mistari minne mingine, ingechapishwa. Kilichonizuia ni hesabu niliyoifanya pale pale: safu ikikiri mara moja kwamba ilikosea, haiogopwi tena, na nani ataniletea kuku? Ijumaa hiyo niliandika habari za mwanamuziki aliyedondosha wigi harusini. Watu walicheka sana.

Filamu ilipigwa bila Esta. Nilialikwa kwenye uzinduzi nikakaa mstari wa mbele. Yule mchumba wa mfadhili alitoka jela na mashavu yake yote. Nililiona hilo, na niliandika kwamba ameng'ara.

Ya Esta niliyasikia vipande vipande, kwa njia zile zile nilizozoea kupatia habari. Mwenye nyumba aliwataka wahame. Mumewe alivumilia miezi kadhaa, kisha mama mkwe wa Esta akatoka nyumbani kwake kule Murang'a, akamchukua Wairimu akisema anamwokoa mtoto. Mume akafuata nyuma. Esta akahamia mtaa wa mabanda wa Mukuru kwa Reuben, akawa anafanya vibarua kwenye kiwanda cha Industrial Area, akifunga mabomba ya plastiki. Mtu mmoja aliniambia amemwona pale getini alfajiri, amefunga leso hadi machoni ili asijulikane. Aliniambia kama habari nzuri ya safu. Hiyo sikuiandika, na sijipongezi.

Miaka ikaenda. Mzee Gitau alikufa, na nilizungumza kwenye mazishi yake. Nikasema alinifundisha kila ninachojua, na waombolezaji wakapiga makofi. Majumba ya sinema ya mjini yakageuka makanisa na maduka ya simu. Baada ya taipu ikaja kompyuta, baada ya kompyuta ikaja simu, na udaku ukatoka mikononi mwetu ukaenda kwa kila mtu. Nyota wa leo wanajidakua wenyewe, asubuhi na jioni, na wakikosa la kusema wanalia mbele ya kamera. Safu ikahamia ukurasa wa ishirini, kisha ikawa nusu safu. Hakuna aliyeniogopa tena. Nilikuwa nimemwacha Esta aangamie ili nilinde hofu ambayo iliyeyuka yenyewe, bila mtu kuipiga hata kofi.

Miezi michache kabla ya kustaafu nilikwenda soko la Kariokor kutafuta viatu vya ngozi, vya wazi, kwa sababu miguu imeanza kuvimba. Kwenye kibanda kimoja palikuwa na mama anayeshona ushanga kwenye kanda za viatu, ameinamia kazi.

"Nambari ngapi?" akauliza bila kuinua uso.

"Thelathini na tisa."

"Kaa hapo." Akanipa jozi, kisha akainua kichwa kuona kama inanitosha. Pengo lilikuwa bado lipo, na meno mengine mawili yalikuwa yamelifuata. Akanitazama hadi akamaliza.

"Ni wewe."

"Ni mimi, Esta."

"Umenenepa."

Nilikuwa nimepanga maneno ya siku hiyo kwa miaka mingi, maneno mazuri, mimi ni mwandishi. Yote yalipotea. "Nilikukosea," nikasema.

"Najua." Akarudi kwenye ushanga. "Huna haja ya kuniambia mimi. Nilikuwepo."

Mteja akaja, akaulizia bei, akaenda. Kisha Esta akaongea, taratibu, macho kwenye sindano. Wairimu alirudi. Bibi yake alipofariki, msichana alikuja Nairobi akamtafuta mama yake hadi akampata. Sasa ni mwalimu wa chekechea mtaa wa Umoja. Humtembelea mara moja kwa mwezi, humletea unga na sukari, ni mtoto mwema. Lakini akija hubeba kikombe chake kwenye mkoba. Akimaliza chai hukiosha mwenyewe, kando, na kukirudisha ndani.

"Hukumwambia?" nikauliza.

"Nimemwambia mpaka nimechoka. Ananijibu, sawa mum. Halafu anaosha kikombe."

"Mngeenda pamoja mkapimwa, akaona kwa macho."

Hapo ndipo aliposimamisha sindano. "Nilipimwa mara moja kwa sababu yako. Sitatoa damu mara ya pili ili mtoto niliyemzaa anipe kikombe. Akitaka kuniamini aniamini. Hapana, Zubeda. Wewe ndiye uliyesema. Nenda ukaseme."

Sikwenda. Nilifanya kile ninachojua kufanya, nikaandika. Safu yangu ya mwisho, ile ya kuaga, niliitoa yote kwake. Niliandika jina lake lote, nikaandika la Sospeter, ambaye ameshakufa, na langu. Shiru aliisoma mbele yangu.

"Mathee, hii ni stori kali, sikatai," akasema. "Lakini nani anamjua Esta Njoki? Hakuna mtu ataifungua kwa simu yake. Hatuna hata picha yake. Si utuandikie tu memori za kuchekesha?"

Shiru, najua unasoma hapa. Sikulaumu. Mahali pa safu yangu uliweka mcheza dansi aliyeachana na mumewe, na kwa kiti nilichokuwa nimekikalia, ningechagua vivyo hivyo. Nilichojifunza siku hiyo ni kwamba kalamu niliyodhani ni yangu ilikuwa ya kuharibu tu. Nilipotaka kuitumia kwa kazi ya pili, haikuandika.

Ndipo nikaenda Umoja. Ilikuwa saa ya chakula cha mchana na watoto walikuwa uani wakila. Wairimu ni mrefu kuliko mama yake na hana pengo. Nilimwambia mimi ni rafiki wa zamani wa mama yake, akaniingiza darasani kwa heshima, na kwa kuwa hapakuwa na kiti kingine, nilikaa kwenye kiti cha mtoto wa miaka mitano, magoti yakinifika kidevuni. Nikamweleza yote tangu soda hadi taipu.

"Kwa hivyo ni wewe," akasema nilipomaliza.

"Ni mimi."

"Shosho, yule bibi aliyenilea, alikikata kile kipande cha gazeti. Kilikaa ndani ya Biblia yake mpaka alipokufa. Mimi nilikisoma nikiwa darasa la tatu." Akaweka kalamu za rangi za watoto kwenye mkebe, moja moja. "Uliandika madaktari wanajua."

"Hakukuwa na daktari. Niliongeza mwenyewe."

"Uliongeza."

"Ndiyo. Mama yako hakuwa mgonjwa, Wairimu. Tazama, miaka yote hii, yuko hai."

"Watu siku hizi wanaishi na dawa."

"Hamezi dawa yoyote."

"Umejuaje? Umewahi kuingia kwake?"

"Hapana. Ameniambia."

"Na wakati ule nani alikuambia?"

"Mtayarishaji wa filamu."

Akafunga mkebe. Sauti yake haikupanda hata kidogo. Aliongea nami kama anavyoongea, nadhani, na mzazi aliyekuja kuchelewa kumchukua mtoto.

"Mama, samahani nikikuuliza. Ile uliambiwa na mtu, ukaisema, nikaiamini kwa sababu ilikuwa gazetini. Hii pia umeambiwa na mtu, umekuja kuisema, na hata haiko gazetini. Sasa kwa nini niamini hii nikatae ile? Zote ni wewe umesema."

Nimekuwa na jibu la kila mtu maisha yangu yote, kwa mistari minne, tena kabla gazeti halijaenda mtamboni. Kengele ikalia, watoto wakaanza kuingia wakisukumana, mmoja akasimama mbele yangu akingoja kiti chake. Sikuweza kuinuka. Wairimu alinishika kiwiko akaniinua, kwa adabu, kama mtu anavyomsaidia mzee asiyemjua, akanisindikiza hadi langoni, akalifunga.